Kichwa huyu au kichwa hicho? Jibu kwa mzazi wa Nkuhungu

Swali: "Mimi ni mama wa watoto watatu, ninaishi Nkuhungu hapa Dodoma. Mwanangu wa Kidato cha Pili aliandika hivi kwenye insha: 'Rafiki yangu ni kichwa. Kichwa huyu hupata alama zote za Hisabati.' Mwalimu alilikata neno kichwa kwa wino mwekundu, akaandika pembeni, 'Si Kiswahili.' Wiki hiyohiyo nilikuwa ninatoka kazini, nikapita karibu na kijiwe cha bodaboda, kijana mmoja akamwambia mwenzake, 'Kichwa hicho, wahi!' Nilijisikia vibaya sana, nikaona nimetukanwa mbele za watu. Nilipofungua kamusi nyumbani, maana ya kwanza niliyoikuta ni sehemu ya mwili iliyo juu ya shingo. Mama yangu, ambaye huzungumza zaidi Kigogo, anasema kichwa ni kichwa, kwao ni mutwe, na haya mengine ni uhuni wa mjini. Jirani yangu naye anasema tumeyaiga kwa Wazungu. Naomba ufafanuzi: maana halisi ya kichwa ni ipi, na je, nimkataze mwanangu kulitumia hivyo?"

Jibu:

Mama, nimelisoma swali lako zaidi ya mara moja, kwa sababu ndani yake wamo watu watano wenye kauli tano juu ya neno moja: mwanao, mwalimu wake, kijana wa bodaboda, mama yako na jirani yako. Wasiwasi wako ninauelewa. Unaogopa kwamba mtoto anaharibikiwa lugha, na moyoni bado unajiuliza kama ulidharauliwa hadharani ukapita kimya. Nianze kwa kusema kwamba mwanao alisifu, na kijana wa kijiweni alihesabu, na kwamba ushahidi wa tofauti hiyo haumo katika neno kichwa lenyewe bali katika neno dogo lililolifuata. Huko nitafika. Kwanza tumalizane na kamusi.

Kamusi huorodhesha maana za neno kwa namba, na mazoea ya watunzi wengi ni kutanguliza ile maana ambayo nyingine zimechipuka kutoka kwake. Kwa neno kichwa, hiyo ni sehemu ya mwili. Kutangulia huko ni suala la mpangilio tu, wala hakuzifanyi maana zinazofuata kuwa bandia. Sote tunasema kichwa cha habari, na sijawahi kusikia mtu akipinga kwa hoja kwamba gazeti halina shingo.

Kuna pia dhana kwamba maana isiyokuwemo katika kamusi si Kiswahili, na nadhani mwalimu aliandika kwa kuongozwa na dhana hiyo. Kamusi ya Kiswahili Sanifu, iliyoandaliwa na Taasisi ya Uchunguzi wa Kiswahili ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, ilitoka kwa mara ya kwanza mwaka 1981. Katika miaka hiyohiyo ya 1980 ndipo watu wa Dar es Salaam walipozoea kuyaita mabasi madogo daladala, kutokana na nauli ya shilingi tano, sarafu ambayo mtaani iliitwa dala. Kamusi iliyokwisha kuchapwa haikuweza kulisubiri neno hilo, na bado watu walipanda daladala na kulitamka bila kuomba ruhusa. Mtunzi wa kamusi huja nyuma ya wasemaji. Huwasikiliza, husubiri aone kama neno litadumu, kisha huliandika. Husubiri kwa sababu maneno mengi ya vijana hayadumu. Wanaisimu huyaita misimu, kwa kuwa huja na kupita kama misimu ya zabibu huku kwetu. Kutokuwemo kwenye kamusi, basi, huenda kukawa na maana kwamba neno bado linachunguzwa, au kwamba ni la mazungumzo tu. Peke yake hakutoshi kulitoa neno katika lugha.

Sasa tuangalie kwa nini kichwa kimezaa maana nyingi hivi. Binadamu hupimia dunia kwa mwili wake, na sehemu ya mwili huazimwa kwa sababu ya mahali ilipo, au kwa sababu ya kazi yake, au kwa sababu ya urahisi wake wa kuhesabika. Kichwa kimepita njia zote tatu.

Njia ya mahali ni nyepesi. Mtu husimama wima na kichwa chake kiko juu. Ndiyo maana maneno makubwa ya juu ya ukurasa ni kichwa cha habari. Ng'ombe hutembea kichwa kikiwa mbele. Ndiyo maana injini inayovuta mabehewa ni kichwa cha treni. Tangu treni za umeme zilipoanza kufika Dodoma mwaka 2024, watoto wameniuliza kichwa cha ile treni ya mchongoko kiko upande gani, kwa kuwa ina pua mbele na nyuma. Huwajibu kwamba inategemea siku hiyo inakwenda Dar es Salaam au inarudi.

Njia ya kazi ndiyo aliyoifuata mwanao. Tunakichukulia kichwa kuwa mahali pa kufikiri na kukumbuka, kwa hiyo tunasema mtoto ana kichwa chepesi au kichwa kizito, mtu anaumiza kichwa, suala fulani ni pasua kichwa. Kutoka hapo hatua ni fupi. Anayefahamu mambo haraka tunasema ana kichwa, na anayezidi wenzake tunaacha kusema anacho, tunasema yeye ndiye kichwa. Sehemu inasimama badala ya mtu mzima, na sehemu inayochaguliwa ni ile iliyotufanya tumtazame mtu huyo. Hata hivyo Kiswahili hakikuyaweka yote ya akili kichwani. Sala inayotamkwa bila kitabu tunasema imehifadhiwa kwa moyo, au kwa ghibu, na mtu aliyekata tamaa hutiwa moyo. Ninakutajia hayo ili uone kwamba kumwita mtu mwerevu kichwa hakutokani na maumbile ya mwili peke yake. Ni makubaliano ya wasemaji, na makubaliano yana mahali pake pa kutumika.

Wala usidhani kwamba njia hii huleta sifa daima. Neno linaloandamana na kichwa ndilo huamua. Mtu aliyevimba kichwa ana majivuno. Ukimsifu mno mtumishi asiyestahili utaambiwa unampa kichwa. Kichwa maji ni mpumbavu, na anayeingia jambo kichwakichwa ameingia bila kutafakari. Methali yetu husema kichwa cha kuku hakistahili kilemba, na hapo kichwa ni mahali pa heshima zaidi kuliko pa akili. Wapenzi wa mpira nao hawajaisahau kauli inayonasibishwa na Mzee Ali Hassan Mwinyi, Rais wa awamu ya pili, aliyeifananisha timu yetu ya taifa na kichwa cha mwendawazimu, ambacho kila mtu hujifunzia kunyoa. Kuhusu kichwa ngumu niongeze neno moja, kwa kuwa najua litafuata katika insha nyingine. Ukisema mtoto ana kichwa, sifa yake ni kigumu: ana kichwa kigumu. Katika mazungumzo watu wamegandisha maneno mawili kuwa jina moja la mtu asiyeshaurika, wakasema huyu ni kichwa ngumu. Mimi ninalitamka hivyo nyumbani kama wengine wote, lakini katika kazi ya mwanafunzi ningelisahihisha.

Njia ya tatu, ya kuhesabu, ndiyo iliyokukuta kijiweni. Watu wakiwa wengi na haja ikiwa ni idadi yao tu, ni rahisi kuhesabu vichwa, kwa kuwa kila mtu anacho kimoja na huonekana hata penye msongamano. Enzi za ukoloni babu zetu walitozwa kodi ya kichwa, na katika jina hilo kichwa hakikuwa na akili wala uso. Kilikuwa mtu mmoja katika daftari la mtoza kodi. Kondakta wa daladala anapopaza sauti kwamba bado vichwa viwili gari liondoke, anahesabu kwa mantiki hiyohiyo, na dereva wa bodaboda anayesema amepata kichwa ana maana ya kwamba amepata abiria. Ukipanda gari la kwenda Mtumba asubuhi utalisikia neno hili kabla hujaketi, na hakuna abiria anayegeuka kutazama nani ametajwa.

Sasa lile neno dogo. Kiswahili hugawa nomino katika ngeli, na kila ngeli hudai vivumishi, viashiria na vitenzi vipatane nayo. Kichwa ni cha ngeli ya KI-VI: kichwa hiki kinauma, vichwa hivi vinauma. Lakini kuna kanuni yenye nguvu kuliko umbo la neno: nomino inayomtaja kiumbe mwenye uhai huchukua upatanisho wa A-WA, hata kama imevaa kiambishi cha KI-VI. Ndiyo sababu tunasema kijana huyu amefika, wala hatusemi kijana hiki kimefika. Ndivyo ilivyo pia kwa kiongozi, kipofu na kiziwi.

Kanuni hii inatupa kipimo kizuri cha kuona neno lililokuwa la kitu limefika wapi katika safari yake ya kuwa neno la mtu. Chukua kiungo. Kwa asili ni sehemu ya mwili, mahali mifupa inapokutana, kama goti au kiwiko. Watangazaji wa mpira wakamwita hivyo mchezaji anayeunganisha safu ya ulinzi na ya ushambuliaji, na leo gazeti lolote litaandika kwamba kiungo huyu amefunga mabao mawili. Kinara kilikuwa kitu cha kuwekea taa, nacho sasa kimepata miguu: kinara wa mabao anaongoza. Na sisi wakazi wa Dodoma tuna mfano mwingine wa kuchekesha. Kigogo ni gogo dogo, tena ni lugha ya wenyeji wa hapa, tena ni mkubwa serikalini, na vichwa vya habari huandika vigogo wabanwa pasipo msomaji yeyote kudhani ni magogo yaliyofungwa kamba. Maneno haya yote yalianza kama mzaha au picha, kisha upatanisho ukageuka, kisha uandishi rasmi ukayakaribisha.

Rudi sasa kwenye daftari la mwanao. Aliandika "kichwa huyu hupata", hakuandika "kichwa hiki". Bila kufundishwa na mtu, amelipeleka neno katika upatanisho wa watu, kwa sababu akilini mwake anamwona rafiki yake mzima. Kisarufi ametenda kama wale walioandika kiungo huyu na kigogo yule. Kijana wa bodaboda alisema "kichwa hicho". Aliliacha neno katika upatanisho wa vitu, kwa kuwa wakati ule alichokiona ni nauli inayotembea, na mwenzake alitakiwa aiwahi kabla haijadakwa na kijiwe kingine.

Je, alikutukana? Hapa lazima niseme pande zote mbili. Sikio lako halikukosea kabisa kuhisi kuna kitu. Katika Kiswahili, kumtaja mtu mzima kwa ngeli ya KI-VI, kama mtu anaposema kijitu hiki au kizee kile, mara nyingi ni kumdunisha, na mtu aliyelelewa kusalimiwa shikamoo hawezi kuisikia "hicho" ikielekezwa kwake bila kushtuka. Lakini kwa mazingira uliyoyaeleza, alikuwa akizungumza na mwenzake kwa lugha ya kazi yao, hakuzungumza nawe, na angelisema vivyo hivyo hata angekuwa amepita mkuu wa wilaya bila gari lake. Hakuwa na adabu ya kushusha sauti. Nia ya matusi siioni. Kama unapita hapo kila siku na inakukera, hakuna haja ya kugombana na mmoja mmoja. Vijiwe vingi vina mwenyekiti wake. Mwendee pasipokuwa na abiria, umwambie kwa upole kwamba ungependa kuitwa mama au abiria. Ila kama maneno yaliambatana na kucheka maumbile yako, kukushika au kukufuata, hilo limekwisha kutoka katika mambo ya lugha, na la kufanya ni kwenda ofisi ya serikali ya mtaa au polisi ukiwa na mtu wa kuandamana nawe.

Tuje kwa mwalimu. Nadhani alikuwa sahihi kulikata neno na alikosea katika maelezo. Angeandika "lugha ya mitaani" au "tafuta neno rasmi", nisingekuwa na la kuongeza. Insha ya darasani ina rejesta yake, yaani namna ya lugha inayofaa mahali hapo, kama mahakama na msikiti na kanisa vilivyo na rejesta zake, na sehemu ya kinachopimwa ni uwezo wa mwanafunzi wa kujua amesimama mahali gani. Kuandika kwamba si Kiswahili ni kumfundisha mtoto kwamba lugha anayozungumza na wenzake uwanjani ni uchafu, ilhali ndiyo inayoonyesha kwamba sarufi ya ngeli imemwingia barabara.

Kwa hiyo usimkataze. Mfundishe kuchagua. Rafiki yake anaweza kuwa hodari wa Hisabati, mwenye akili nyingi, mwerevu au mwenye kipaji. Na akitaka kujifurahisha, mwonyeshe kwamba hata kipaji kina ndugu yake usoni, kwa maana kipaji cha uso ni ile sehemu iliyo juu ya nyusi. Akiandika hadithi au mazungumzo, anaweza kumwachia mhusika aseme "yule jamaa ni kichwa" ndani ya alama za mtajo, na msahihishaji mwenye busara atakubali kwa sababu ndivyo kijana wa umri huo anavyosema. Siwezi kukuahidi kwamba kila msahihishaji atakubali. Katika mtihani wa taifa, ambako msahihishaji hamjui mtoto wala mtoto hamjui yeye, mimi ningemshauri abaki na neno lisilo na shaka. Kuna watakaosema huko ni kuogopa, na kwamba maneno hayawezi kukua ikiwa kila mtu atayaficha. Wana hoja, lakini alama ni za mtoto, na kazi ya kukuza neno inaweza kungoja mpaka awe mwandishi wa habari.

Kuhusu kumwona mwalimu, nenda mwenyewe na daftari, baada ya vipindi, wala usimtume mtoto na ujumbe. Muulize tu angependa mwanafunzi aandike nini badala yake. Mwalimu mwenye madaftari mengi mezani huandika kwa kifupi, na mara nyingi akielezwa ana kwa ana hukubali kwamba maneno mawili ya pembeni hayakutosha. Mkibaki mnatofautiana juu ya neno lenyewe, Baraza la Kiswahili la Taifa, yaani BAKITA, ndicho chombo kilichoundwa kwa sheria ya mwaka 1967 kushughulikia masuala ya namna hiyo, ingawa kwa insha moja ya Kidato cha Pili sioni kama mtahitaji kufika huko. Ingekuwa ni tafsiri ya hati ya mahakama, ningekuambia uanzie kwao.

Jirani yako anasema tumeiga kwa Wazungu. Si lazima. Ni kweli lugha za Ulaya nazo huhesabu watu kwa vichwa na kuwaita werevu vichwa, lakini watu wote duniani wana kichwa kimoja kilicho juu ya mabega, na si ajabu wakafika mahali pamoja bila kupeana njia. Tena palipo na nafasi ya kuiga hatukuiga. Waingereza huuita mji mkuu kwa neno lililotokana na caput ya Kilatini, yaani kichwa. Sisi, TANU ilipoamua mwaka 1973 kuhamishia serikali hapa, tuliiita Dodoma makao makuu, jina lililotokana na kukaa, na kichwa hakikutajwa.

Amebaki mama yako, na yeye nimemweka mwisho kwa sababu ana ushahidi mzito kuliko anavyodhani. Katika lahaja za kaskazini mwa pwani, kama Kiamu cha Lamu, kichwa huitwa kitwa. Sauti hizo mbili, tw na chw, hupishana katika Kiswahili, na masalia yake tunayo sote vinywani: tunasema mchana kutwa, lakini jua linapozama tunasema machweo, na maneno yote mawili yana mzizi mmoja. Weka kitwa kando ya mutwe ya Kigogo, kisha kando ya omutwe ya Kihaya, na utaona ni watoto wa nyumba moja waliovishwa viambishi tofauti. Mwambie, kwa hiyo, kwamba neno alilolikuta mjini ni la ukoo wake. Halafu, akisisitiza kwamba kwao mutwe ni mutwe tu na hauna mambo mengine, mwombe akutajie wazee wa kijijini kwake walikuwa wakimwitaje mtoto asiyesikia la mkuu, na mwanao awe karibu na kalamu aandike.